Bernhard Grzimek: sauti ya televisheni iliyofika hadi msitu wa Congo

LWIRO, Kivu Kusini – Anayetoka Bukavu kuelekea kaskazini, akapita Miti na Kavumu kisha akakata barabara ya Lwiro, mara nyingi anawasikia sokwe mbele ya kuwaona. Mmoja akianza kulia, wengine wanamjibu, na kelele zinapanda mpaka kwenye majengo ya zamani ya watafiti. Hapa, kwenye kituo kinachojulikana kwa jina la CRPL, wanaishi sokwe zaidi ya mia moja, wale ambao wengi wetu tunawaita sokomutu. Wengi wao ni yatima. Mama zao waliuawa kwa ajili ya nyama ya pori, nao wakachukuliwa wakiwa wadogo ili wauzwe au wafugwe nyumbani kama mbwa.

Kituo hicho kilianzishwa mwaka 2002 na kituo cha utafiti cha Lwiro, CRSN, pamoja na ICCN, idara ya serikali inayosimamia mbuga za taifa. Kinaendelea kuishi kwa sehemu kubwa kutokana na misaada ya watu wa mbali, ambao hawajakanyaga Kabare na pengine hawatafika kamwe. Waliona picha ya kitoto cha sokwe kwenye kioo, wakasikia sauti ikiwaeleza hatari inayokikabili, wakatoa pesa.

Namna hiyo ya kuomba, yaani mnyama mbele ya kamera, sauti ya upole na ombi la mchango mwishoni, leo inaonekana kama jambo la kawaida. Lakini kuna watu walioijenga. Mmoja wa wakubwa wao alikuwa Mjerumani, daktari wa mifugo, ambaye safari yake ya umaarufu ilipitia katika misitu ya mashariki mwa Congo. Jina lake ni Bernhard Grzimek.

Katika Tanzania jina hilo linajulikana kwa sababu ya Serengeti. Huku kwetu ni wachache wanaolikumbuka, ingawa kazi yake ya filamu ilianza kupata sifa kwa picha zilizopigwa Congo.

Kutoka kwenye mayai hadi bustani ya wanyama

Grzimek alizaliwa tarehe 24 Aprili 1909 katika mji wa Neisse, ambao siku hizi uko ndani ya Poland. Alisomea udaktari wa mifugo, na katika miaka ya utawala wa Nazi alifanya kazi serikalini, akishughulikia afya ya kuku na biashara ya mayai. Hati zilizojitokeza baadaye zinaonyesha kwamba alikuwa mwanachama wa chama cha Nazi tangu mwaka 1937, jambo ambalo mwenyewe alilikana baada ya vita.

Mwaka 1945, Ujerumani ikiwa imeshindwa na miji yake imebomolewa, alipewa kuongoza bustani ya wanyama ya Frankfurt. Mabomu yalikuwa yameiharibu vibaya na wanyama wakubwa waliobaki walihesabika kwa vidole. Wengi waliona ni heri ifungwe. Grzimek akafanya kinyume. Alileta michezo, muziki na maonyesho ndani ya bustani, watu wakaja kwa maelfu kutafuta raha, na kwa viingilio vyao akanunua chakula na wanyama wapya. Aliiongoza bustani hiyo hadi mwaka 1974.

Kwa hiyo, hata kabla ya kuingia katika televisheni, alikuwa amejifunza kwamba mnyama hapati msaada mpaka watu wavutiwe kumtazama.

Okapi wa Epulu

Bustani yake ilitamani mnyama ambaye Ujerumani nzima haikuwa naye: okapi. Mnyama huyo, kama wasomaji wa Ituri wanavyojua vizuri, haishi porini katika nchi yoyote isipokuwa Congo. Grzimek alifika Epulu, katika eneo la Mambasa, ambako serikali ya kikoloni ya Ubelgiji ilikuwa na kituo cha kukamata okapi kwa ajili ya bustani za ng’ambo. Mwaka 1954 okapi dume alifika Frankfurt akiwa hai. Alipewa jina la Epulu, na alikuwa wa kwanza kuonekana Ujerumani.

Mwaka huohuo Grzimek alitoa kitabu ambacho jina lake, kwa Kiswahili, ni kama kusema wanyama wa pori hawana tena mahali. Alieleza aliyoyaona Congo, akalaumu wawindaji wa Kizungu waliokuja kutafuta vichwa vya kutundika ukutani, na akadai kwamba binadamu wanaozidi kuongezeka watammaliza mnyama. Yeye pamoja na mwanawe Michael, ambaye alikuwa bado kijana mdogo, walifanya filamu yenye jina hilohilo. Mwaka 1956 filamu hiyo ilipata zawadi ya Dubu wa Dhahabu katika tamasha la sinema la Berlin.

Inafaa kukumbuka Congo ilikuwaje wakati huo. Lwiro ilikuwa makao ya IRSAC, taasisi ya utafiti wa kisayansi ambayo Wabelgiji waliianzisha mwaka 1947. Majengo yake mazuri ya matofali na mawe, maktaba yake, na makusanyo yake ya ndege, panya, wadudu na mimea, ambayo bado yapo, yalitengenezwa ili watafiti kutoka Ulaya waelewe Kivu na maeneo jirani. Mkongomani aliyefanya kazi huko alikuwa zaidi mtu wa kubeba, kuonyesha njia, kukamata na kuchuna. Yeye ndiye aliyejua jina la kila ndege, lakini maelezo yaliandikwa na mwingine. Katika filamu za miaka ile mambo yalikuwa vilevile. Msitu ulikuwa wetu, na sauti iliyoueleza ilizungumza Kijerumani, Kifaransa au Kiingereza.

Mtu wa meza na mnyama

Mnamo Oktoba 1956, kipindi chake cha televisheni kilianza kurushwa nchini Ujerumani. Kiliitwa „Ein Platz für Tiere“, maana yake mahali pa wanyama, na kilidumu zaidi ya miaka 30, mpaka kifo chake mwaka 1987. Vipindi vilifika 175.

Kwa macho ya leo kipindi hicho kingeonekana cha pole sana. Mwanaume mrefu mwenye koti na tai ameketi nyuma ya meza. Anasalimu watazamaji kama mgeni aliyekaribishwa sebuleni. Anazungumza polepole, sauti ikitokea puani kidogo, bila kupandisha wala kushusha. Na juu ya meza, au begani kwake, au akitembea nyuma yake, yuko mnyama: sokwe mdogo, duma, nyani. Mnyama anavuta karatasi, anamvuta tai, yeye anaendelea kuzungumza kana kwamba hakuna kitu.

Hapo ndipo palikuwa na nguvu yake. Mtazamaji hakujua mnyama atafanya nini dakika inayofuata, kwa hiyo hakuondoka. Na wakati anasubiri, alikuwa akisikia mambo mazito: kuuawa kwa chui kwa ajili ya makoti ya wanawake matajiri, watoto wa sili wanaopigwa marungu huko Canada, kuku wanaofungiwa kwenye vizimba vidogo maisha yao yote. Mwishoni aliomba mchango. Kupitia shirika la wanyama la Frankfurt, fedha za watu wa kawaida wa Ujerumani zilianza kulipia magari, mafuta na mishahara ya walinzi wa mbuga barani Afrika.

Umaarufu wake ulikuwa mkubwa kiasi kwamba mchekeshaji Loriot alimwigiza mwaka 1976, akiwa nyuma ya meza, akieleza kwa sauti ileile mdudu asiyekuwepo anayekula mawe. Utani huo ulipendwa mpaka mdudu huyo akaingizwa katika kamusi ya madaktari wa Ujerumani, ambako wanafunzi wameendelea kumsoma kwa kicheko.

Alikuwa pia mjanja. Alisimulia mwenyewe jinsi alivyotangaza kwenye kipindi kwamba safari za bei nafuu za kwenda kuona wanyama Afrika Mashariki zinapatikana, wakati hakuna kampuni iliyokuwa ikizifanya. Watu wakaenda kuuliza kwa wenye mashirika ya safari, na kwa sababu waulizaji walikuwa wengi, mashirika yakazianzisha. Aliamini kwamba viongozi wa Afrika watalinda wanyama ikiwa wanyama wataleta fedha. Neno la utalii ambalo kila waziri analitamka leo, kuanzia Arusha hadi Kinshasa, lina mkono wake ndani.

Ndege yenye mistari ya punda milia

Fedha za filamu ya Congo zilifungua mlango wa Serengeti. Grzimek na Michael walitaka kununua ardhi ili mbuga ipanuliwe. Wakuu wa mbuga wa Tanganyika wakawaambia kwamba lililo la lazima zaidi ni kujua wanyama wangapi wapo na wanapita njia gani. Baba na mwana wakajifunza kurusha ndege, wakapaka ndege yao ndogo mistari ya punda milia, na mwezi wa Desemba 1957 wakaruka kutoka Ujerumani hadi Afrika Mashariki.

Walihesabu wanyama wakubwa 366,980. Walitumia njia mpya kwa wakati huo, ingawa baadaye hesabu zilibadilika kabisa, kwa kuwa nyumbu peke yao walikuja kuzidi milioni moja baada ya ugonjwa wa sotoka kudhibitiwa.

Tarehe 10 Januari 1959, Michael akiwa peke yake angani, ndege iligongana na tai mla mizoga na kuanguka. Alikuwa na miaka 24. Alizikwa ukingoni mwa Ngorongoro. Baba alimaliza filamu waliyoianza pamoja, „Serengeti darf nicht sterben“, maana yake Serengeti isife, na mwaka 1960 ilipata tuzo ya Oscar. Hakuna kazi yake nyingine iliyosikika hivyo, na bila shaka msiba wa mwanawe uliongeza uzito katika kila neno alilosema humo kama msimulizi.

Lakini kuna upande ambao watazamaji wa Frankfurt hawakuuona vizuri. Mwaka 1958, wakati ndege yenye mistari ikizunguka juu, wazee wa Kimasai waliweka alama kwenye hati ya Waingereza iliyowataka waondoke Serengeti na mifugo yao. Walihamia Ngorongoro, ambako eneo la watu na wanyama pamoja lilianzishwa mwaka 1959. Grzimek alipinga mbuga kugawanywa. Kwake, mbuga ya taifa ilipaswa kubaki bila watu kabisa, si Wazungu wala Waafrika. Alisema hivyo wazi, tena na tena, kwenye vitabu na kwenye televisheni.

Congo baada ya 1960

Uhuru ulipofika, Wazungu wengi waliamini kwamba mbuga za Congo zingekwisha katika miezi michache. Grzimek alikuwa mmoja wa waliosema tofauti. Aliandika kwa heshima kuhusu walinzi Wakongomani wa Parc Albert, ambayo ndiyo Virunga ya leo, waliobaki kazini katikati ya machafuko, na akaomba Wajerumani wasaidie ili waendelee kulipwa. Alielewana pia na viongozi wapya, Mwalimu Nyerere akiwa wa kwanza, bila kuwahubiria siasa. Wakosoaji wake walimwambia kwamba alikuwa tayari kumsalimu kiongozi yeyote mradi analinda tembo. Hakuonekana kujali.

Huku Kivu Kusini, mbuga ya Kahuzi-Biega ilitangazwa tarehe 30 Novemba 1970, wakati wa Mobutu, kwenye eneo ambalo tangu 1937 lilikuwa hifadhi. Mwaka 1975 ilipanuliwa hadi kilometa za mraba 6,000 hivi. Aliyehangaika zaidi kuifanya ijulikane alikuwa Adrien Deschryver, Mbelgiji aliyezoeza gorila mpaka wageni na wapiga picha wakaweza kuwakaribia. Si Grzimek aliyeianzisha. Lakini wazo lililoiongoza ni lilelile alilokuwa akilieneza kila mara jioni kwenye vioo vya Ujerumani: mnyama ndani, mtu nje.

Waliolipa bei walikuwa Batwa. Watu wapatao 6,000 walitolewa msituni katika miaka ya 1970, bila ardhi nyingine na bila fidia ya kueleweka. Leo familia zao zimetawanyika kandokando ya mbuga, nyingi zikiishi kwa vibarua katika mashamba ya wengine. Tangu mwisho wa 2018, baadhi walipoamua kurudi, kumekuwa na mapigano, walinzi wameuawa, na Batwa wameuawa, vijiji vikachomwa. Mwezi Julai 2024 ilitangazwa hukumu ya Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, iliyosema kwamba serikali ya Congo ilivunja haki za Batwa wa Kahuzi-Biega. Kwa wanasheria waliofuatilia jambo hilo kwa miaka mingi, ilikuwa hatua kubwa. Kwa mama anayekata majani ya chai kando ya barabara, bado hakuna kilichobadilika.

Ujerumani, nchi ambayo Grzimek aliifundisha kutoa kwa ajili ya pori la Afrika, ndiyo iliyokuwa mfadhili mkubwa wa mbuga hiyo kuanzia miaka ya 1980. Bila fedha hizo pengine gorila wa hapa wasingekuwepo tena. Wale wa mashariki mwa Congo, ambao kabla ya vita walikadiriwa kuwa 16,900, walidhaniwa kubaki 3,800 tu katika makadirio ya 2016, kisha utafiti wa 2021 ukatoa tumaini, ukisema wapo kama 6,800. Anayepima kazi ya Grzimek lazima ashike hesabu hizo kwa mkono mmoja na Batwa kwa mkono mwingine. Kuitazama moja tu ni kujidanganya.

Sokwe si mtoto wa nyumbani

Kuna urithi mwingine wa kipindi kile ambao Lwiro inapambana nao kila siku. Grzimek alifuga sokwe nyumbani kwake, na kwenye televisheni aliwakumbatia kama watoto. Alikuwa na nia njema. Watu walipenda, na wengi walianza kuona kwamba mnyama naye ana akili na huzuni.

Lakini picha ya sokwe aliyeshikwa na mtu inabeba pia ujumbe mwingine. Utafiti uliochapishwa mwaka 2008 nchini Marekani ulionyesha kwamba watu wengi hawajui kuwa sokwe wako hatarini kutoweka, sababu moja ikiwa ni kuzoea kuwaona kwenye sinema na matangazo ya biashara. Mtu akimuona sokwe amevaa nguo au amekaa mezani, anadhani wako wengi, na tena anadhani inawezekana kumfuga. Sokwe wa miaka mitatu anapendeza. Akifika miaka kumi ana nguvu ya kumvunja mtu mkono, na hapo ndipo wenye nyumba huanza kumfunga mnyororo kiunoni. Wengi wa wanaofikishwa Lwiro wamepitia kamba, mnyororo au kizimba. Baadhi wana alama za risasi, kwa kuwa mama alipigwa akiwa amewabeba.

Ndiyo maana kazi ya kituo si kuwalisha tu. Sokwe wanafundishwa upya kuishi katika kundi, na wanafunzi wa shule za Katana, Kavumu na Bukavu wamekuwa wakipokelewa ili waelezwe, kwa lugha wanayozungumza nyumbani, kwamba kununua kitoto cha sokwe kwa huruma ni sawa na kumlipa aliyemuua mama yake. Kazi hiyo iliendelea katika eneo ambalo halijapata utulivu wa muda mrefu. Hata mwezi Februari 2025, vita vilipofika Kavumu na uwanja wake wa ndege, kisha Bukavu, Lwiro ilikuwa njiani.

Sauti nyingine

Mtindo wa Grzimek umepata wanafunzi wengi, na siku hizi wengine ni Waafrika. Huko Kenya, mtaalamu wa tembo Dkt. Paula Kahumbu anaongoza kipindi cha „Wildlife Warriors“, kilichoanza kuonyeshwa mwaka 2019. Humo wanaoeleza wanyama ni watafiti na walinzi Waafrika, na kipindi kinatengenezwa kwanza kwa ajili ya familia za Kenya, si kwa mgeni. Shirika analoliongoza, WildlifeDirect, lina uhusiano na Kivu: lilianza kujulikana kupitia intaneti kwa kuchapisha maandishi ya walinzi wa Virunga wenyewe, wakieleza siku zao za kazi na wenzao waliouawa.

Kwa Kiswahili cha huku kwetu, kipindi cha namna hiyo cha televisheni kuhusu Kahuzi, Itombwe au Idjwi bado ni kitu cha kutafutwa kwa tochi. Watu wa kukieleza hawakosekani. Katika CRSN peke yake kuna Wakongomani waliotumia maisha yao kujifunza ndege, samaki wa ziwa, mimea na mitetemeko ya volkano, wengine wakikaa miezi bila mshahara.

Grzimek alifariki tarehe 13 Machi 1987 mjini Frankfurt, akiwa na miaka 77, alipokuwa akitazama onyesho la simbamarara katika sarakasi. Majivu yake yalipelekwa Tanzania, yakazikwa Ngorongoro pembeni ya Michael, chini ya mnara mdogo wa mawe. Magari ya watalii hupita hapo kila asubuhi kabla ya kushuka bondeni. Wamasai wanaoishi katika eneo hilo, ambao nao wamekuwa wakitakiwa na serikali yao kuhama tangu mwaka 2022, hupita hapo pia, na ng’ombe wao.